Nasaba Yataka Maandishi

Reli ilianza kujengwa Mombasa mwaka 1896, ikafika Kisumu mwaka 1901, na Makindu, katika nchi ya Wakamba, ikawa moja ya stesheni zake. Aliyekuwa na babu aliyehamia huko asitosheke kuambiwa kwamba “alikwenda bara na reli”. Je, aliacha mke? Aliacha watoto? Pasipo kujua hayo mirathi hugawanywa na mwenye haki akanyimwa, na hiyo ni dhuluma. Hatusemi watu watafute nasaba ili wajifakhirishe; hayo tumeyachoka.

Tumeamrishwa katika Sura ya Al-Baqara kuyaandika madeni. Vipi basi tuwaachie wazee peke yao kuzihifadhi jamaa zetu vifuani? Twaona bora kuanza na hati za ndoa na daftari za Kadhi. Kisha litazamwe Gazeti Rasmi la Serikali, lililoanza kutolewa mwaka 1899, ambalo huchapisha matangazo ya mirathi kwa majina ya marehemu. Halafu Nyaraka za Taifa, Nairobi, zilizowekewa sheria mwaka 1965. Jina litafutwe kwa kila namna ya maandishi, kwani karani mgeni huandika asikiavyo: Juma, Jumaa, hata Jooma.

Masingasinga wa reli walijenga hekalu lao Makindu mwaka 1926, na mpaka leo msafiri hulijua. Sisi tuna karatasi. Kila upatapo jina, nakili tarehe na nambari ya faili, upate kumwonyesha Kadhi.