Watu wa Mfalme: Je, Walikuwa Wasaliti?

(Somo la historia)



Katika somo la historia tunajifunza mapinduzi ya Amerika, namna koloni 13 zilivyojitenga na Uingereza. Kitabu kinasimulia mambo ya washindi: George Washington, Kongresi, tangazo la uhuru la tarehe 4 Julai 1776. Lakini juu ya wale waliokataa kumwacha mfalme tunapata mistari miwili tu, na katika daftari zetu wengi tunaandika neno moja: wasaliti. Katika namba hii tunataka kulipima neno hilo. Si kwa kuwatetea watu waliokufa zamani. Ni kusudi tujue kulitumia vizuri sisi tunaoishi leo.

1. Vita ilitoka wapi

Kwanza tupatane juu ya neno "koloni". Huku kwetu tukilisikia tunawaza Wabelgiji waliokuja kututawala. Kule Amerika mambo yalikuwa mengine. Wengi wa watu wa zile koloni walikuwa Wazungu waliohama Ulaya, wakakaa katika nchi ya watu wengine, wakazaa watoto na wajukuu pale pale. Walijihesabu kuwa Waingereza. Kwa hiyo vita ile ilikuwa pia ugomvi wa ndani ya nyumba moja.

Mwaka wa 1763 Uingereza ilimaliza vita kubwa na Ufaransa. Ilishinda, lakini ilibaki na madeni mengi. Basi Bunge la London likaanza kutoza kodi mpya kule koloni. Mwaka wa 1765 ilikuwa kodi ya karatasi zenye chapa, kisha zikaja zingine. Watu walikasirika wakasema: "Hatuna mjumbe hata mmoja katika Bunge lile, namna gani litutoze franga?" Desemba 1773 walitupa chai baharini kule Boston. Aprili 1775 bunduki zikalia. Vita ikadumu miaka 8, mpaka mkataba wa Paris wa Septemba 1783.

Tusiwaze kwamba watu wote walisimama pamoja. Wanahistoria wanakadiria kwamba karibu Mzungu 1 kati ya 5 alibaki upande wa Mfalme George III. Wengine wengi hawakutaka upande wowote, walitaka tu kulima na kulala.

2. Juu ya nini walibaki na mfalme?

Hapa ndipo jambo lenyewe linapoanza, maana hawakuwa na sababu moja.

a) Wenye kazi ya serikali. Thomas Hutchinson alizaliwa Boston, akawa gavana wa Massachusetts. Alipenda nchi yake na aliandika historia yake. Yeye mwenyewe hakuona ile kodi ya 1765 kuwa ya akili, lakini alisema sheria ni sheria. Agosti 1765 watu wenye hasira walivunja nyumba yake, wakaharibu vitu na kutawanya karatasi zake barabarani. Mwaka wa 1774 alikwenda Uingereza, na mwaka wa 1780 alikufa kule bila kuona tena kwao.

b) Wenye kiapo. Wachungaji wa Kanisa la Anglikana walikuwa wameapa kumtii mfalme na kumwombea kila Jumapili. Waliposoma Warumi 13 waliona wazi kwamba haifai kuvunja kiapo. Lakini tusisahau: wachungaji wengine, wa makanisa mengine, walisoma Biblia ile ile wakahubiri kumpinga mfalme. Samuel Seabury aliandika vijitabu vya kupinga Kongresi, akakamatwa mwaka wa 1775. Vita ilipokwisha hakukimbia. Alikwenda Uingereza kusudi awekwe askofu, na kumbe, kwa sheria ya kule, askofu lazima aape kumtii mfalme, na yeye sasa ni mtu wa nchi huru! Mwishoni aliwekwa askofu kule Scotland, mjini Aberdeen, mwaka wa 1784. Akawa askofu wa kwanza wa Kanisa lake katika Marekani.

c) Wenyeji wa kwanza wa nchi. Mwaka wa 1763 mfalme alikuwa amekataza Wazungu kuvuka milima ya Appalachian na kuchukua mashamba ng'ambo yake. Wahamiaji hawakupenda amri ile hata kidogo. Joseph Brant, mkubwa wa vita wa Wamohawk, alifika mpaka London kuongea na serikali. Aliona kwamba mfalme aliye mbali si hatari kama jirani anayetamani shamba lako. Lakini ndugu zao Waoneida walichagua upande wa Kongresi. Hata umoja wao wa zamani ulipasuka.

d) Watumwa. Hawa tutawaeleza peke yao hapa chini, sababu habari yao inatufunza zaidi.

3. Nyumba zilizogawanyika

Wote tunamjua Benjamin Franklin aliyechunguza umeme wa radi. Mwana wake William alimsaidia katika kazi ile. Baadaye William akawa gavana wa mfalme kule New Jersey. Vita ilipokuja, baba alikwenda na Kongresi, mwana akabaki na mfalme. Mwaka wa 1776 William alikamatwa na kufungwa katika koloni ya Connecticut, na bibi yake akafa bila yeye kuwa karibu. Vita ilipokwisha, baba na mwana walionana mara moja tu, mwaka wa 1785 kule Southampton, tena kwa mambo ya deni na mashamba. Baba alipokufa mwaka wa 1790, katika karatasi ya urithi hakumwachia mwana karibu kitu.

Na haikuwa jamaa moja tu. Oktoba 1780, kule King's Mountain, karibu watu wote waliopigana, pande zote mbili, walikuwa watu wa Amerika. Mkubwa wa upande wa mfalme, Patrick Ferguson, Mskoti, ndiye aliyetoka ng'ambo.

Mateso yalikuwa pande zote. Watu wa mfalme walivuliwa nguo, wakapakwa lami ya moto na kubandikwa manyoya ya ndege, wakatembezwa mbele ya watu. Walilazimishwa kuapa kiapo kipya, na waliokataa walinyang'anywa mashamba. Lakini nao hawakuwa malaika. Mwaka wa 1778, kule Wyoming na Cherry Valley, askari wa upande wao walichoma nyumba na kuua, hata wanawake na watoto kule Cherry Valley. Wahenga walisema kweli: wapiganapo tembo wawili, ziumiazo ni nyasi.

4. Watumwa na ahadi ya mfalme

Tangazo la 1776 lilisema watu wote wameumbwa sawa. Lakini mwenye kuliandika, Thomas Jefferson, alikuwa na watumwa, na Washington vilevile. Mtu mweusi katika shamba la Virginia angefanya nini na neno lile zuri?

Novemba 1775 Lord Dunmore, gavana wa Virginia, alitangaza kwamba mtumwa wa mwasi akikimbia na kuja kupigana upande wa mfalme, atakuwa huru. Tuangalie vizuri: alisema mtumwa wa mwasi. Mtumwa wa rafiki ya mfalme alibaki mtumwa, na Dunmore mwenyewe alikuwa na watumwa. Haikuwa huruma, ilikuwa akili ya vita. Hata hivyo mamia walikimbilia kwake, na wengi wakafa kwa ndui. Mwaka wa 1779 Jenerali Henry Clinton aliongeza ahadi ile, na maelfu wakaja.

Mwaka wa 1783 mfalme alishindwa. Washington alimwomba Jenerali Guy Carleton, kule New York, awarudishe watumwa kwa mabwana wao. Carleton alikataa. Alisema walipewa ahadi ya uhuru, na kuvunja ahadi ile ni haya. Akaamuru majina yao yaandikwe katika kitabu kimoja, watu karibu 3,000, kila mtu na umri wake na bwana aliyemkimbia. Mmoja wao aliitwa Harry Washington: alikuwa ametoroka shamba la George Washington mwenyewe!

Tusifurahi haraka. Watu karibu 60,000, weupe na weusi huru, waliondoka Amerika pamoja na watu wa mfalme. Lakini mabwana waliondoka pia na watumwa wao karibu 15,000, wakawapeleka Jamaica, Bahamas na kwingine. Kwa hao vita ilibadilisha bahari tu, haikubadilisha minyororo.

Waliofika Nova Scotia, katika Canada ya leo, waliahidiwa mashamba. Weupe walipewa kwanza. Weusi walingoja sana. Wengi hawakupata kitu, na waliopata walipewa udongo wa mawe. Kwa kazi ile ile walilipwa kidogo kuliko weupe. Mwaka wa 1784, mjini Shelburne, askari weupe waliokosa kazi waliwashambulia na kubomoa nyumba zao. David George, aliyezaliwa mtumwa Virginia na kuwa mchungaji wa Kibatisti, alipigwa na kufukuzwa. Kosa lake? Alikuwa mweusi, na alikuwa amebatiza weupe pia.

Ndipo Thomas Peters, aliyekuwa sajenti wa mfalme, alipovuka bahari mpaka London na kulalamika: "Ahadi iko wapi?" Kampuni moja ya Waingereza ikawapa nafasi Afrika. Januari 1792 merikebu 15 ziliondoka Halifax na watu karibu 1,200, David George na Harry Washington kati yao. Walifika Sierra Leone, wakajenga Freetown, maana yake mji wa watu huru.

Na kule kukatokea nini? Kampuni ikawatoza kodi juu ya mashamba waliyoambiwa ni yao. Walikataa. Mwaka wa 1800 waliasi. Uasi ulizimwa, wawili wakanyongwa, na wengine wakafukuzwa mjini. Harry Washington alikuwa kati ya waliofukuzwa.

5. Tunajifunza nini?

Harry Washington alikuwa mtu wa mfalme mwaka wa 1783. Mwaka wa 1800 alikuwa mwasi, tena kwa sababu ya kodi, sawa na wale waliotupa chai baharini. Je, alibadilika? Sisi tunasema hapana. Tokea siku aliyotoroka alitaka kitu kimoja: kuwa mtu huru kwenye shamba lake. Waliobadilika ni wale waliomwahidi.

Kwa hiyo neno "msaliti" linatuambia zaidi nani alishinda kuliko nani alikuwa na haki. Kama mfalme angalishinda, watoto wa shule wangaliandika neno hilo juu ya Washington. Hatusemi kwamba pande zote zilikuwa sawa. Malalamiko ya watu wa koloni juu ya kodi yalikuwa ya kweli, na jamhuri yao imedumu. Tunasema tu: mbele ya kumhukumu mtu, uliza maswali matatu. Aliahidiwa nini? Na nani? Na ahadi ilitimizwa?

Jambo hili halikai katika kitabu tu. Katika shule yoyote, wanafunzi wanapotaka kugoma, anayekataa anaitwa "mutu ya prefe". Na sisi tuliopewa daraka la kuongoza wanafunzi tunalisikia zaidi. Pengine anayekataa ni mwoga kweli, au anatafuta faida. Lakini pengine alitoa neno lake na hataki kulivunja. Pengine baba yake aliuza ng'ombe wa mwisho kwa kulipa masomo, naye anaogopa kufukuzwa. Au pengine hakuambiwa na wagomaji nafasi yake itakuwa wapi wakishinda, kama vile watumwa wa Virginia hawakuambiwa. Tumuulize kwanza. Na wakubwa nao wakumbuke Nova Scotia: mtu anayekutii akingoja ahadi yako, usimchoshe kwa kungoja. Utii wake una mwisho.

Maswali ya kujibu katika vikundi

1. Taja sababu tatu zilizofanya watu wabaki na mfalme. Ipi unaona ni ya haki zaidi? Eleza.
2. Carleton alikataa kuwarudisha watumwa, lakini watumwa wengine waliondoka na mabwana wao. Je, Waingereza walitimiza ahadi?
3. Joseph Brant na Harry Washington walisimama upande mmoja. Je, walitaka kitu kimoja?
4. Mtu akivunjiwa ahadi, kiapo chake kinamfunga bado? Jibu kwa kutumia habari ya Freetown mwaka wa 1800.

Majibu yapelekwe kwa wakubwa wa vikundi mbele ya namba ijayo. Yaliyo mazuri tutayapiga chapa hapa.

Kiongozi wa wanafunzi, darasa la 6