Kyamwilu: Namna ya kupima barabara inayosemekana kupandisha maji

Kilomita 12 hivi mashariki mwa mji wa Machakos, nchini Kenya, kwenye vilima vya Kituluni, kuna kipande cha barabara kinachoitwa Kyamwilu. Ukimwaga maji juu ya lami, unayaona yakipanda. Gari likitolewa gia na breki ikaachiwa, linajisogeza lenyewe kuelekea juu. Wageni hushangaa, hupiga picha, na wengi huondoka wakiamini kwamba pale nguvu ya uvutano ya dunia haifanyi kazi. Mahali hapa panastahili safari, na panastahili zaidi kupimwa.

Maji yale yanateremka kama yanavyoteremka kwingine kote. Kinachokosea ni jicho, tena si la mjinga peke yake: hata ukishaelezwa sababu, bado utayaona yakipanda. Jicho halina kipimo chake lenyewe cha usawa. Hukisia kwa kutazama upeo wa macho, miti, kuta na ardhi ya jirani. Vilimani upeo huzibwa, miti huota imeinama, na barabara hupita kando ya miteremko mikali. Ukitoka kwenye mteremko mkali ukaingia kwenye mwepesi, ule mwepesi unauona kama mwinuko. Mwaka 2003 mtafiti Paola Bressan na wenzake wa Italia walichapisha utafiti uliotumia vielelezo vidogo vya barabara, vyenye miteremko na upeo wa kubadilishwa. Watu walioviangalia walidanganyika vilevile wanavyodanganyika vilimani.

Barabara za aina hii ziko nchi nyingi. Mojawapo ni Electric Brae, huko Ayrshire, Scotland. Ncha moja iko futi 286 juu ya usawa wa bahari na nyingine futi 303, katika mwendo wa takriban robo maili. Jicho huona ile ya chini ndiyo ya juu. Tofauti yenyewe ni kama mita 5 tu, na mteremko mdogo kiasi hicho mwili hauuhisi ukiwa umeketi garini.

Kuna maelezo kwamba chini ya kilima kuna sumaku. Hilo unaweza kulimaliza kwa chungwa. Sumaku huvuta chuma. Haivuti chungwa, wala maji, wala chupa ya plastiki. Viweke vyote barabarani uone kama havielekei upande uleule linakoelekea gari.

Kisha chukua pimamaji la fundi ujenzi. Liweke juu ya ubao mrefu ulionyooka, si juu ya lami moja kwa moja, kwa sababu mashimo na kokoto hupotosha. Kiputo cha hewa hukimbilia upande ulio juu. Rudia sehemu tatu au nne za barabara. Simu nyingi pia zina programu ya kupima usawa. Ijaribu kwanza juu ya meza, ukiigeuza mbele nyuma, uone kama inatoa jibu lilelile. Mwalimu anayeleta wanafunzi awaambie waandike makisio yao kabla pimamaji halijagusa ubao, la sivyo kila mmoja atadai alijua.

Mwanafunzi mwerevu atauliza: je, kama uvutano wenyewe umepinda pale, si pimamaji nalo litapotoka pamoja nao? Swali hilo ni zuri sana, na lina jibu. Ni kweli mlima huvuta. Mwaka 1774 mnajimu Nevil Maskelyne alikaa kando ya mlima Schiehallion, Scotland, akapima jinsi unavyouvuta uzi wa timazi, akilinganisha na nyota. Mlima mzima uliupindisha uzi huo kwa takriban sehemu moja ya 600 ya digrii. Mteremko wa Electric Brae ni karibu theluthi mbili za digrii, yaani mara mia nne zaidi. Kwa hiyo hakuna kilima cha Machakos kinachoweza kupindisha uvutano kiasi cha kusogeza gari.

Nanyuki, mji mwingine wa Kenya ulioko kwenye mstari wa ikweta, kuna ajabu nyingine ya maji, ila huko si jicho linalokosea. Huko mtu humwaga maji kwenye beseni lenye tundu, yakazunguka kulia upande mmoja wa mstari na kushoto upande wa pili, hatua chache tu mbele, na wageni huambiwa kwamba ni mzunguko wa dunia unaoyageuza. Hapa anayedanganya ni mkono: maji huzunguka kufuatana na yalivyomiminwa au beseni lilivyogeuzwa. Mwaka 1962 Ascher Shapiro wa chuo cha MIT, Marekani, ilibidi ayaache maji yatulie kwa saa 24 katika tangi lenye upana wa karibu mita 1.8 ndipo aone athari ya mzunguko wa dunia. Tena jaribio hilo lilifanyika mbali kabisa na ikweta. Kwenye ikweta yenyewe athari hiyo ni sifuri. Inasikitisha watoto kufundishwa uongo huo kama sayansi. Omba beseni, mimina maji mwenyewe, uyaache yatulie kabla ya kuzibua tundu.

Kyamwilu ni barabara ya kawaida yenye magari yanayopita. Usizime injini wakati gari linajisogeza, maana breki na usukani huwa vizito injini ikizimwa. Dereva abaki kwenye kiti, mguu ukiwa karibu na breki, na asiwepo mtu mbele wala nyuma ya gari. Usijaribu kukiwa na ukungu au giza. Mkienda na wanafunzi, acheni kabisa jaribio la gari: chupa ya maji na chungwa vinatosha, na mtu mzima mmoja asimame kila upande kuangalia magari yanayokuja.