Kisima cha baba mkwe kinanitia hofu

*Shangazi, kisima cha kwetu hapa Manyatta kilichimbwa na baba mkwe. Maji ni maangavu, hayana harufu. Lakini tangu mvua ianze watoto wanaharisha, na jirani amechimba choo nyuma ya ua wetu. Nikisema, naambiwa maji haya yamenywewa miaka yote. Wapangaji nao wanayanunua. — Mama Wawili*

Mama Wawili, shaka yako ina msingi. Vijidudu vya kinyesi havionekani kwa macho wala havina ladha, kwa hiyo uangavu wa maji si ushahidi. Tazama pale kisima kilipo. Katika Manyatta na Nyalenda, mitaa ya Kisumu, visima vifupi na vyoo vya shimo vimebanana ploti kwa ploti, na watafiti waliopima maji ya visima hivyo wamekuta uchafu wa kinyesi mara nyingi. Choo kikiwa karibu kuliko mita 30, tena upande wa juu wa mteremko, ogopa. Ogopa pia maji yakibadilika rangi baada ya mvua kubwa, saruji ya mdomo wa kisima ikipasuka, au ndoo ikiwekwa matopeni kisha ikarudishwa kisimani. Hili la mwisho tunalifanya sote, bila haya!

Kuanzia leo, maji ya kunywa yachemshe hadi yatokote, au uyatie dawa ya klorini na usubiri nusu saa. Yakiwa na tope, yachuje kwanza kwa kitambaa safi. Ukiweza, ya kunywa nunua kwenye kioski cha KIWASCO, kampuni ya maji ya Kisumu. Ya kisima yafulie nguo. Mtoto akiharisha, mpe ORS, dawa ya kurudisha maji mwilini. Macho yakibonyea au akilegea, mkimbize hospitali.

Lakini kuchemsha hakuondoi naitreti, kemikali inayotoka vyooni na inayodhuru watoto wachanga. Mtoto mchanga wa maziwa ya kopo asitengenezewe maziwa kwa maji hayo. Mwombe afisa wa afya ya umma akuelekeze pa kupima: E. koli, kijidudu cha kinyesi, isiwepo hata moja katika mililita 100, naitreti isizidi miligramu 50 kwa lita.

Kwa mzee, usiseme kisima chake kichafu. Mwambie, "Baba, ulipochimba hapa hapakuwa na vyoo vyote hivi." Ni kweli, na haimvunjii heshima. Karatasi ya maabara mpe mumeo mkononi, aisome mbele ya baba yake.

Lakini wapangaji usiwasubirishe majibu ya maabara. Waambie leo jioni, kabla hawajateka ya kesho.