Nyumba Iliyowekwa Rehani na Hesabu Yake

Tumeulizwa mara nyingi na Wakristo wa Mafinga, na wa vijiji vya Mufindi pia, kama ni vema mtu kukopa fedha benki ili ajenge au anunue nyumba, na nyumba hiyo hiyo iwe rehani ya deni. Wengine huuliza kwa siri baada ya ibada, kana kwamba ni jambo la aibu. Wengine wamekwisha kutia sahihi, nao huja na karatasi mkononi kuuliza maana ya maneno waliyokwisha kuyakubali. Basi tumeona yafaa somo la mwezi huu liwe la hesabu. Asiyependa hesabu asifunge ukurasa. Hamna humu ila kujumlisha, kutoa na kuzidisha, na mtoto wa shule aweza kumsaidia baba yake.

Bwana wetu mwenyewe, katika Injili ya Luka sura ya 14, alimtaja mtu atakaye kujenga mnara, ambaye yampasa kuketi kwanza na kuhesabu gharama kabla ya kuweka msingi. Twajua ya kuwa hapo alikuwa akinena habari za kumfuata yeye, wala si habari za mabenki. Walakini mfano hauwi mfano ila umetoka katika jambo ambalo watu wote wanalikubali, yaani mjenzi mwenye akili huhesabu kwanza. Sisi twajenga mengi siku hizi, na kuhesabu twahesabu matofali na mabati tu.

Katika nchi yetu mkopo wa nyumba una historia fupi. Mwaka wa 1973 ilianza Benki ya Nyumba Tanzania, nayo ikafungwa mwaka wa 1995. Baada ya hapo mtu wa kawaida alikuwa na njia moja tu, ile tunayoijua sote: kununua kiwanja, kufyatua matofali, kuinua ukuta, kungoja, kuezeka, kungoja tena. Mwaka wa 2008 ikatungwa sheria mpya juu ya mikopo ya nyumba, na mwaka wa 2010 ikaundwa kampuni iitwayo TMRC, ambayo kazi yake ni kuzipa benki fedha za muda mrefu, ili nazo ziweze kuwakopesha watu kwa miaka mingi. Kwa hiyo leo mwalimu au muuguzi mwenye mshahara aweza kwenda benki na kupewa miaka 15, hata 20, ya kulipa. Katika miaka hii ya 2020 riba za mikopo hiyo zimekuwa kwa kawaida kati ya 13 na 19 kwa mia kila mwaka.

Sasa tufanye mfano. Mtu na mkewe, wenye kazi ya mshahara hapa Mafinga, wanakopa shilingi 20,000,000 kwa riba ya 18 kwa mia kwa mwaka, walipe kwa miaka 15. Tumechagua 18 kwa sababu ni rahisi kuigawanya: ni moja na nusu kwa mia kila mwezi. Benki inawaambia walipe shilingi 322,084 kila mwezi. Wao wanatazama mishahara yao, wanaona yawezekana, wanashukuru. Hapo ndipo wengi wetu tunapokomea, tukiuliza swali moja tu, "Kila mwezi ni ngapi?" Swali hilo ni jema, lakini haliwezi kutuambia bei ya nyumba.

Zidisha 322,084 kwa miezi 180. Utapata shilingi 57,975,120. Yaani nyumba ya milioni 20 imenunuliwa kwa karibu milioni 58. Milioni 20 ni deni lenyewe, na karibu milioni 38 ni riba. Msomaji asikasirike upesi na kusema ameibiwa. Benki haikuficha kitu, maana hesabu hiyo yote imo katika karatasi. Tatizo ni kwamba hatukuifanya.

Tena kuna jambo ambalo wachache hulifahamu, nasi twataka kukaa juu yake kidogo, kwa maana ndilo linalowaumiza watu zaidi. Fedha inayolipwa kila mwezi haiendi mahali pamoja. Kwanza inalipa riba ya mwezi huo, kisha kile kinachobaki ndicho kinachopunguza deni. Mwezi wa kwanza deni ni milioni 20. Moja na nusu kwa mia yake ni shilingi 300,000. Toa katika 322,084, zimebaki 22,084. Basi mwezi wa kwanza, katika fedha yote ile waliyoitoa, deni limepungua kwa shilingi elfu 22 tu. Mwezi wa pili riba inakuwa ndogo kidogo, na sehemu ya deni inakuwa kubwa kidogo, na hivyo hivyo polepole sana.

Tazama sasa yatokeayo baada ya miaka 5. Wamelipa shilingi 19,325,040, karibu fedha yote waliyokopa. Deni lililobaki ni nini? Ni shilingi 17,875,000 hivi. Katika miaka 5 wamelipunguza deni kwa milioni 2 na laki moja tu. Baada ya miaka 10 bado wanadaiwa karibu milioni 12 na laki 7. Hawafiki nusu ya deni ila katika mwezi wa 138, yaani miaka 11 na nusu. Kwa wakati huo misindano iliyopandwa siku ya kutia sahihi imekwisha kuwa mirefu kuliko nyumba yenyewe.

Ndiyo sababu mtu aliyefiwa, au aliyeachishwa kazi katika mwaka wa 6, hushangaa anapokwenda benki. Husema, "Nimelipa miaka mitano, hamwoni?" Wanaona. Lakini wakiiuza nyumba, sehemu kubwa ya bei yake yachukuliwa na deni, na aliyelipa kwa uaminifu anatoka na kidogo, au hana kitu.

Basi je, kukopa ni dhambi? Hatusemi hivyo. Nehemia, katika sura ya 5, alisikia kilio cha watu waliokuwa wameweka rehani mashamba na nyumba zao wapate nafaka wakati wa njaa, akawakemea wakuu, akawataka warudishe mashamba, na ile sehemu ya mia waliyotoza pia. Wafafanuzi wengi hudhani sehemu hiyo ilitozwa kila mwezi, yaani 12 kwa mia kwa mwaka. Naye Martin Luther, katika maandiko yake ya mwaka wa 1524, aliwalaumu waliotoza 7, 8, 9 hata 10 kwa mia. Na mwaka wa 1540 aliwaandikia wachungaji wahubiri juu ya riba. Ni vema tuyajue hayo. Lakini tusilinganishe bila kufikiri. Wenye nyumba wale wa Yerusalemu walikopa ili wale, na waliowakopesha walikuwa ndugu zao. Fedha ya siku za Luther nayo ilikuwa ya madini, haikupungua thamani kama noti zetu. Benki ya leo inakopesha fedha ya watu wengine, wanaoweza kuja kuidai kesho, na yenyewe hulipa ili iipate.

Kwa haki yapasa tuseme pia upande wa pili. Asiyekopa hupanga, na mpangaji naye hulipa. Akilipa kodi ya shilingi 150,000 kwa mwezi, katika miaka 15 atakuwa ametoa milioni 27, wala hana hata mlango. Tena bei za vitu hupanda, na mshahara huenda ukapanda nazo, hata zile 322,084 za mwaka wa 12 hazitakuwa na uzito wa zile za mwaka wa kwanza. Hayo ni kweli. Lakini tangu mwaka wa 2017 kupanda kwa bei katika nchi yetu kumekuwa chini ya 6 kwa mia kwa mwaka, na riba ya mfano wetu ni 18. Anayesema kwamba kupanda kwa bei kutamlipia deni lake hajaziweka hesabu hizo mbili pamoja.

Kuna hesabu nyingine ambayo ilitushangaza sisi wenyewe tulipoiandika. Mtu awezaye kutoa 322,084 kila mwezi, akiziweka akiba asizidokoe, atatimiza milioni 20 katika miezi 63, miaka 5 na miezi 3. Kweli, wakati huo atakuwa akilipa kodi ya nyumba, na saruji haitamngojea kwa bei ya leo. Pengine itamchukua miaka 8, pengine 9. Lakini mwenzake aliyekopa, katika mwezi ule wa 63, bado anadaiwa zaidi ya milioni 17. Watu wa Mafinga wanaojenga polepole, chumba kwa chumba, hudharauliwa wakati mwingine na wageni kwamba nyumba zao hazishi. Sisi hatuwadharau.

Kwa aliyekwisha kukusudia kukopa, tuna maneno machache.

Muda wa kulipa ni mzito kuliko wengi wanavyodhani. Mkopo ule ule wa milioni 20, ukilipwa kwa miaka 10, malipo ya mwezi ni 360,370. Ni shilingi 38,286 tu zaidi kila mwezi, lakini jumla yake ni 43,244,400. Wameokoa zaidi ya milioni 14. Na kama wamekwisha kuandikiwa miaka 15, wakaongeza 50,000 kila mwezi kwa ajili ya kupunguza deni, watamaliza katika mwezi wa 111, miaka 9 na miezi 3, na jumla itakuwa karibu milioni 41. Ila sharti waulize kwanza, tena wapate jibu kwa maandishi: je, benki inakubali malipo ya ziada, inatoza faini kwa anayemaliza mapema, na ziada hiyo inaingizwa kupunguza deni au inawekwa tu kungoja mwezi ujao?

Waulize pia kama riba ni thabiti au yaweza kubadilishwa katikati. Waulize gharama za kuthamini nyumba, za mwanasheria, za kusajili rehani, za bima. Bima ya maisha ya mkopaji wasiichukie. Ndiyo inayoweza kulipa deni akifa, wajane na yatima wasitolewe nje. Lakini waisome, wajue inamhusu nani, mume peke yake au wote wawili.

Wajihadhari hasa na riba isiyopungua. Wako wakopeshaji, zaidi wa mikopo midogo, wanaohesabu riba juu ya deni la kwanza mpaka mwisho, ijapokuwa mdeni amekwisha kurudisha sehemu kubwa. Anayekopa 1,000,000 kwa miezi 12 kwa "3 kwa mia kwa mwezi" ya namna hii hulipa 1,360,000. Kwa kuwa deni lake linapungua kila mwezi na riba haipungui, kwa kweli analipa karibu 5 kwa mia kwa mwezi. Neno ni lile lile, "tatu", lakini mzigo si ule ule.

Wala mtu asitegemee miti peke yake. Tumewasikia watu wakisema, "Nitalipa kwa mbao." Twajua mbao ni uhai wa mji huu, na Sao Hill yajulikana nchi nzima. Lakini moto wa kiangazi hausomi mkataba, na bei ya mbao hushuka wakati kila mtu anapouza. Benki hudai kila mwezi, na msindano haukui kila mwezi ukalipa.

Jambo la mwisho ni la nyumbani. Sheria ya Ardhi ya mwaka wa 1999, katika kifungu cha 114, yataka nyumba ya wanandoa isiwekwe rehani bila ridhaa ya mwenzi. Sheria hiyo ni njema, lakini yaweza kutimizwa kwa wino tu. Mama akiambiwa, "Mama Fulani, tia sahihi hapa," akatia bila kusomewa, ridhaa yake iko katika karatasi wala haimo moyoni. Baba, msomee mkeo kila ukurasa. Nawe mama, usione haya kusema, "Sijaelewa, nirudie." Twawaomba wazee wa usharika wasikubali kuwa mashahidi wa mkopo mahali ambapo hilo halikufanyika.

Mwinjilisti atakayelifundisha somo hili, na achukue punje 58 za mahindi, kila punje ni milioni moja. Awaambie watu watenge 20, hiyo ndiyo nyumba; 38 zilizobaki wazione wenyewe. Kisha azikusanye zote tena, ahesabu punje 19 za miaka 5 ya kwanza, na amwite kijana mmoja aweke katika fungu la nyumba zile tu zilizopunguza deni. Ataweka 2. Hizo 17 azishike mkononi mpaka watu waulize zinakwenda wapi.