Barbara Jordan: Wakili Aliyeshindwa Mara Mbili

Wasomi wenzangu, kaa kwenye vimbweta na watu wa sheria dakika kumi tu, lazima atokee mmoja wa kusema atakuwa mbunge. Mimi mwenyewe niko mwaka wa tatu sheria na sikatai, wazo hilo limeshanipitia. Ila tukianza kutafuta mifano ya mawakili walioingia siasa tunakimbilia marais. Leo nataka tumsome mtu ambaye hakuwa rais wala waziri: Barbara Jordan, wakili na seneta wa jimbo la Texas, Marekani.

Kwanza tuelewane kwenye neno "jimbo". Kwetu jimbo ni eneo la mbunge mmoja. Kule namaanisha Texas nzima, yenye katiba yake, gavana wake na bunge lake la mabaraza mawili, tofauti kabisa na bunge la taifa lililoko Washington. Seneti ya Texas ina watu 31 tu. Shika namba hiyo, itatusaidia mbele.

Jordan alizaliwa Houston tarehe 21 Februari 1936, mtaa wa Fifth Ward, baba yake akiwa mhubiri wa Kibaptisti. Akiwa sekondari, wakili mwanamke mweusi kutoka Chicago, Edith Sampson, alikuja shuleni kwao kuzungumza na wanafunzi, na binti akaamua palepale kwamba na yeye atakuwa wakili.

Chuo alichosomea shahada ya kwanza, Texas Southern, kina historia ya kushangaza. Mwaka 1946 Heman Sweatt, mtu mweusi, aliomba kusoma sheria Chuo Kikuu cha Texas kilichoko Austin. Akakataliwa kwa rangi yake, akaenda mahakamani. Serikali ya jimbo, badala ya kumfungulia mlango, ikaona bora ianzishe chuo kingine cha weusi, na mwaka 1947 chuo hicho kikazaliwa Houston. Sweatt alishinda mwaka 1950 katika Mahakama ya Juu ya Marekani, lakini ushindi wake ulifungua mlango wa masomo ya juu. Jordan alipomaliza sekondari mwaka 1952, shahada ya kwanza pale Austin bado ilikuwa ya wazungu. Kwa hiyo akasoma kwenye kile chuo kilichojengwa ili watu kama yeye wasiende kingine.

Huko alikutana na kocha wa midahalo, Thomas Freeman, aliyemnoa kisawasawa. Timu yao iliwahi kutoka sare na Harvard. Alipofika Boston kusoma sheria ndipo akagundua kwamba midahalo peke yake haitoshi, maana elimu ya kutengwa ilikuwa imemwachia mapengo mengi. Alikesha, alisoma kwa makundi, akahitimu mwaka 1959. Alifundisha mwaka mmoja Tuskegee, kisha akarudi Houston na kufungua uwakili wake kwenye meza ya kulia chakula nyumbani kwa wazazi wake. Ofisi kamili ilikuja baadaye.

Sasa siasa. Mwaka 1962 aligombea Baraza la Wawakilishi la Texas, akaanguka. Mwaka 1964 akagombea tena, akaanguka tena. Nimesikia watu wakisimulia sehemu hii kama hadithi ya uvumilivu, eti hakukata tamaa basi akashinda. Mimi sikubaliani. Hakukata tamaa, kweli, lakini kilichobadilika ni sheria. Viti vyote vya Kaunti ya Harris vilipigiwa kura na kaunti nzima. Chukulia wabunge wa serikali yetu ya wanafunzi: badala ya kila hosteli kuchagua wake, kila kiti kipigiwe kura na chuo chote. Hosteli ndogo itapata mtu lini? Fifth Ward hata ingejitokeza yote, ingemezwa.

Mwaka 1964 Mahakama ya Juu, katika shauri la Reynolds dhidi ya Sims, iliamua kwamba maeneo ya uchaguzi ya mabunge ya majimbo lazima yalingane kwa idadi ya watu. Ramani ya Texas ikachorwa upya. Mwaka 1966 mahakama zikafuta na kodi ya kupigia kura. Mwaka huohuo Jordan akaingia Seneti: mweusi wa kwanza humo tangu 1883, na mwanamke mweusi wa kwanza kabisa. Wengine 30 wote walikuwa wanaume.

Hapo ndipo namba 31 inapofanya kazi. Kwa kanuni za Seneti ile, mswada ulihitaji theluthi mbili ili uanze kujadiliwa, maana yake watu 11 wakiungana wanaukwamisha. Ulipokuja mswada wa kubana uandikishaji wa wapiga kura, Jordan hakupiga kelele. Alizunguka akatafuta wenzake kumi, yeye akawa wa 11, mswada ukafa bila hotuba. Baadaye alishiriki kuleta sheria ya kwanza ya jimbo ya kima cha chini cha mshahara. Mwaka 1972 wenzake walimchagua rais wa muda wa Seneti, na tarehe 10 Juni akakaimu ugavana kwa siku moja. Baba yake aliugua siku hiyohiyo ya sherehe, akafariki kesho yake.

Kuna jambo mashabiki wake hulikwepa. Ramani ilipochorwa tena mwaka 1971, safari hii Jordan alikuwa ndani ya kamati. Likapatikana eneo la bunge la taifa lililomfaa, huku eneo lake la Seneti likivunjwavunjwa. Curtis Graves, mbunge mweusi wa Texas aliyeshindana naye mwaka 1972, alimshutumu kwamba ameuza kiti cha weusi ili apande. Kwa maoni yangu shutuma ile ina uzito, hata kama wapiga kura walimchagua Jordan kwa wingi.

Hotuba yake ya tarehe 25 Julai 1974, kwenye kamati iliyojadili kumshtaki Rais Nixon, wengi mnaijua. Alisema katiba haikumhesabu mtu kama yeye ilipoandikwa, kisha akaichambua kifungu kwa kifungu kuitetea. Ni wakili anayesoma maandishi, basi.

Mwaka 1979 aliacha bunge, tayari akiugua ugonjwa wa neva, akaenda kufundisha maadili ya siasa. Alifundisha Chuo Kikuu cha Texas, Austin, kilekile kilichomkataa Sweatt, miaka ya mwisho akiingia darasani kwa kiti cha magurudumu. Alifariki tarehe 17 Januari 1996, akazikwa makaburi ya jimbo pale Austin, mwanamke mweusi wa kwanza kuzikwa humo, eneo moja na majenerali waliopigania utumwa.