Kigingi cha Kumbukumbu: Mpangilio wa Masimulizi ya Maisha katika Pongwe na Mwambao wa Tanga

1.0 Utangulizi

Wakusanyaji wengi wa masimulizi ya maisha huanza hojaji zao kwa swali lililozoeleka: "Ulizaliwa mwaka gani?" Kwa wazee wengi wa mwambao swali hilo huvunja masimulizi kabla hayajaanza. Msimulizi huitafuta tarakimu, huikosa, kisha huandikwa kuwa hakumbuki. Kumbe anakumbuka mengi, ila kumbukumbu zake hakuzihifadhi katika tarakimu.

Makala haya yanajadili namna watu wanavyokumbuka na kupanga mambo yaliyowapata maishani. Eneo tulilolichagua ni Pongwe, kata iliyo magharibi ya mji wa Tanga katika njia ya Muheza, pamoja na mwambao unaoizunguka. Hoja yetu ni kwamba mpangilio anaoutumia msimulizi ni sehemu ya ushahidi anaoutoa. Mtafiti anayeunyoosha ufuate kalenda ya ofisini, bila kuhifadhi ule wa awali, hupoteza habari ambazo hawezi kuzipata tena msimulizi akishafariki.

2.0 Dhana ya kigingi

Mnyama aliyefungwa kwenye kigingi huweza kuzunguka, lakini hapotei. Kadhalika tukio la mtu binafsi hufungwa kwenye jambo lisilosahaulika. Hapa tutaliita jambo hilo kigingi cha kumbukumbu.

Fikra hii si ngeni kwa wataalamu. Mfaransa Maurice Halbwachs, katika kitabu alichokitoa mwaka 1925, alieleza kuwa mtu hukumbuka ndani ya mipaka aliyowekewa na kundi lake: jamaa, dini, au wenzake wa kazi. Mwaka 2009 Norman Brown na wenzake walichapisha utafiti uliolinganisha watu wa nchi mbalimbali. Watu wa Bosnia walipokadiria wakati wa mambo yao binafsi, mara nyingi walitaja vita vya nchi yao. Wakazi wa New York hawakuyatumia mashambulizi ya tarehe 11 Septemba 2001 kwa kiasi hicho, ingawa dunia nzima iliyajua. Kwa hiyo ukubwa wa habari pekee hautoshi kulifanya tukio liwe kigingi. Sharti liwe limegeuza maisha ya kila siku: mahali pa kulala, chakula, kazi na majirani.

Pongwe haikosi matukio ya namna hiyo. Ujenzi wa reli kutoka Tanga ulianza mwaka 1893, na Pongwe ikawa miongoni mwa vituo vya mwanzo kabla njia haijafika Moshi mwaka 1911. Mwaka huohuo wa 1893 Richard Hindorf alileta miche ya mkonge, nayo mashamba yakaenea katika nchi yote ya Tanga. Tarehe 2 hadi 5 Novemba 1914 yalipiganwa mapigano ya Tanga, ambamo hata nyuki waliwashambulia askari. Baadaye ukaja Uhuru wa 1961, kutaifishwa kwa mashamba makubwa ya mkonge mwaka 1967, Operesheni Vijiji katikati ya miaka ya 1970, vita vya Kagera vya 1978 na 1979, na kiwanda cha saruji cha Pongwe kilichoanzishwa mwaka 1980. Mwenye kufanya utafiti hana budi kuwa na orodha ya namna hii kabla hajaketi na msimulizi.

3.0 Lugha ya kukumbukia

Kiswahili kina vyombo vyake vya kazi hii. Cha kwanza ni kirejeshi cha wakati -po-. Tuchukue mfano wa kubuni wa bibi asemaye: "Walipokuja kutuhamisha, nilikuwa na mimba ya mwanangu wa tatu, na masika yalikuwa yamekatika." Katika walipokuja ndimo kigingi kilimochomekwa. Hakuna mwaka uliotajwa, lakini kauli hiyo ina habari tatu za wakati: uhamisho wa vijijini, nafasi ya mtoto katika uzazi wa mama, na majira ya mwaka. Mtoto huyo akiwa na kadi ya kliniki au jina katika rejista ya shule, mwaka wa uhamisho utapatikana bila ya kumsumbua bibi kwa tarakimu.

Cha pili ni -ka- ya masimulizi. Kiambishi hiki huonyesha mfuatano wa matendo, lakini hakionyeshi umbali uliopo baina yao. Mtu akisema, "Nikaoa, nikaenda Pangani, nikarudi," baina ya kuoa na kwenda huenda ikawa siku tatu au miaka kumi. Mtafiti asiyeutambua mwanya huo atahesabu vibaya, kisha lawama atamtupia msimulizi.

Cha tatu ni majina ya vipindi. Tunasema "wakati wa Mjerumani", "enzi ya Mwingereza", kana kwamba utawala mzima ni mtu mmoja. Aidha, maisha ya mwanamke hupimwa kwa majina ya hadhi: kigori, mwari, mke, mama fulani, bibi. Majina haya hupanga kumbukumbu kwa uthabiti kuliko umri wa miaka, kwa sababu kila moja lina sherehe yake, mavazi yake na watu walioshuhudia.

4.0 Kalenda tatu

Hata pale msimulizi anapotaja miaka, ni lazima tuulize ni miaka ya hesabu gani. Mwaka wa Hijra una siku 354 au 355, nao hupungua kwa siku kama 11 ukilinganishwa na mwaka wa jua. Miaka 33 ya Hijra ni karibu sawa na miaka 32 ya kalenda ya kiserikali. Mzee aliyetimiza miaka 66 kwa hesabu ya Hijra ana umri wa miaka 64 ofisini, na wote wawili, yeye na karani, wamesema kweli.

Vilevile kuna mwaka wa Nairuzi wa siku 365, unaogawanywa katika miongo ya siku kumi kumi, ambao wavuvi na wakulima wa mwambao waliutumia kujua majira. Kaskazi na kusi, masika na vuli, ni sehemu ya utaratibu huu. Mtu anaweza kusahau mwaka aliofiwa na baba yake, lakini akakumbuka kuwa kusi ilikuwa kali hata vyombo havikutoka. Swali kuhusu majira mara nyingi huzaa matunda pale swali kuhusu mwaka lilipokwama.

5.0 Kipande na namba

Mashamba ya mkonge yalileta utaratibu mwingine. Mfanyakazi alipewa kipande, kadi iliyowekwa alama kwa kila siku aliyoikamilisha kazi yake, na mshahara ulifuata baada ya kukamilika siku 30. Vibarua walioandikishwa mbali na kuletwa Tanga waliitwa manamba, kwa kuwa kila mmoja alitambuliwa kwa namba. Kwa karani, maisha ya mtu huyo yalikuwa namba na vipande. Yeye mwenyewe aliyapanga kwa watu: aliyesafiri naye, aliyelala naye kambi moja, msimamizi aliyekuwapo alipougua.

Mipangilio hii miwili si sawa kwa nguvu. Mafao ya uzeeni hudai karatasi. Madai ya ardhi hudai miaka: Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 inataja kipindi cha miaka 12 ambacho wanakijiji wamekuwa wakiikalia na kuitumia ardhi. Karatasi ikipotea, mzee hubaki na kumbukumbu yake peke yake. Msikilizaji asiyeujua utaratibu wa vigingi ataiona kumbukumbu hiyo kuwa maneno yasiyo na mpango, na haki ya mtu itapotea. Msikilizaji anayeujua ataweza kuithibitisha kwa reli, kwa kiwanda, kwa mimba na kwa masika.

6.0 Ushahidi wa maandishi

Mtu asidhani kuwa utaratibu huu ni wa wasiojua kusoma tu. Hamed bin Muhammed, maarufu kwa jina la Tippu Tip, ambaye habari za maisha yake zilichapishwa na Heinrich Brode mwaka 1902 na 1903, aliyapanga maisha yake kwa safari zake za bara. Shaaban Robert, aliyezaliwa Vibambani karibu na mji wa Tanga mwaka 1909 na kufanya kazi katika Idara ya Forodha tangu 1926 hadi 1944, alikuwa karani aliyezoea tarehe kila siku. Hata hivyo, ndani ya Maisha Yangu aliweka tenzi za mawaidha kwa wanawe, na sehemu ya pili akaifungua kwa kigingi cha umri: Baada ya Miaka Hamsini. Kwake yeye pia maisha yalipangika kwa uhusiano na kwa vizingiti, na tarehe zilikuwa msaada tu.

7.0 Hitimisho

Tumeona kwamba masimulizi ya mwambao yana mpango, na kwamba mpango huo umejengwa kwa matukio ya umma, uhusiano wa watu, kazi na majira. Kutokana na hayo tunapendekeza mambo manne. Kwanza, mkusanyaji aanze kwa kumwachia msimulizi achague mahali pa kuanzia. Pili, anakili masimulizi kwa mfuatano uleule yalivyotolewa, na jedwali la miaka aliandike kando, katika karatasi nyingine. Tatu, kila kigingi kithibitishwe kwa angalau kigingi kingine kabla ya kugeuzwa kuwa tarehe. Nne, idara zetu zihifadhi kanda na maandishi ya awali, si muhtasari peke yake.

Waliowaona manamba wakishuka Tanga wanazidi kupungua. Miaka ya kuhesabiwa tunaweza kuipata katika vitabu. Namna walivyoifunga miaka hiyo katika maisha yao, hatutaipata isipokuwa vinywani mwao.