Pima Kabla ya Kuwasha: Somo kwa Wanaojiundia Vyombo vya Umeme

Vijana wengi, mjini na mashambani, hupenda kununua bodi ndogo za umeme ili wajifunze kuunda vyombo: kengele ya mlango, kipimo cha unyevu wa udongo, au taa inayowaka giza liingiapo. Kazi hii ni njema. Lakini mara nyingi chombo huungua siku ile ile ya kwanza, na mwenyewe hudhani kwamba ameuziwa kitu kibovu, au kwamba akili yake haifai kwa kazi kama hiyo. Huenda kosa lilikuwa katika kuunga waya tu, na kosa hilo laweza kuepukwa.

Fikiri, msomaji, juu ya tangi la maji lililowekwa mnarani. Kadiri linavyoinuliwa, ndivyo maji yanavyosukumwa kwa nguvu. Msukumo kama huo katika umeme huitwa volti. Wingi wa maji yapitayo bombani ni mfano wa ampea, na wembamba wa bomba uzuiao maji ni mfano wa omu. Mtaalamu wa Kijerumani, Georg Ohm, alieleza mwaka 1827 jinsi mambo haya yanavyofungamana: ukigawanya volti kwa omu, wapata ampea.

Basi, kabla ya kuwasha, yakupasa kujiuliza maswali matatu.

Kwanza: je, volti zinalingana? Pini za bodi ya Arduino Uno hutumia volti 5, lakini za ESP32 hutumia volti 3.3. Ukipeleka volti 5 katika pini ya ESP32, waweza kuiharibu kabisa. Chaja au betri usiyoijua, ipime kwa mita kwanza.

Pili: je, chanya na hasi ziko mahali pake? Betri ikiungwa kinyume, bodi yaweza kuungua kwa nukta chache. Taa ya LED ina miguu miwili, na ule mrefu ndio wa chanya. Kapasita ya alumini, yenye umbo la mkebe mdogo, ina mstari ubavuni unaoonyesha upande wa hasi; ikigeuzwa hupata moto, hufura, hata yaweza kupasuka. Fanya desturi kwamba waya mwekundu ni chanya na mweusi ni hasi, wala usiivunje.

Tatu: je, umeme upitao ni wa kiasi? LED nyekundu hutumia volti 2 hivi, wala haiwezi kujizuia yenyewe. Ukiiunga moja kwa moja na volti 5, itaungua. Hapana budi kuweka rezista. Hesabu yake ni rahisi: 5 toa 2, hubaki 3. Ukitaka ampea 0.015 zipite, gawanya 3 kwa 0.015, wapata omu 200. Madukani, chukua ya omu 220.

Mota nayo isiungwe kwenye pini ya bodi. Pini ya Uno R3 haifai kutoa zaidi ya ampea 0.02, na hata mota ndogo yaweza kudai mara kumi ya kiasi hicho. Tumia transista iwe kama mlango wa umeme, na uweke dayodi sambamba na mota, kwa kuwa mota ikizimwa hurudisha msukumo mkubwa wa volti. Kama mota ina betri yake, unganisha hasi ya betri hiyo na hasi ya bodi.

Usihamishe waya wakati umeme umewashwa, wala usiweke bodi juu ya bati au meza ya chuma, maana shoti hutokea mara moja. Shoti katika betri ya lithiamu yaweza kuwasha moto nyumbani. Na stima ya nyumba, ambayo nchini Kenya ni volti 240, si ya kujifunzia: huua mtu. Mwachie fundi mwenye leseni.

Mwenye pupa hadiriki kula tamu. Dakika tano za kupima zitaokoa fedha yako, na tena zitakuwezesha kuendelea kujifunza, badala ya kukata tamaa ungali mwanzoni.